Machale wa filamu bubu: tuongee kuhusu ufundi wa kuanguka

MkandaWaKale (mleta uzi)

Wakuu, salaam.

Juzi umeme ulirudi saa tano usiku, usingizi umeshaota mbawa, nikafungua Steamboat Bill, Jr. ya mwaka 1928. Nimeiangalia mara nyingi kuliko ninavyoweza kukiri mbele ya mke wangu. Kijana wangu wa miaka tisa akatoka chumbani kunywa maji, akasimama nyuma ya kochi. Akaona mtu mfupi mwenye uso usiocheka amesimama mbele ya nyumba ya mbao, upepo unavuma kama kiama, mara ukuta wote wa mbele unamwangukia. Puu! Vumbi likatulia, jamaa yuko wima, kwa kuwa dirisha la ghorofani lilipita pale pale aliposimama.

"Baba, yule si amekufa?"

Nikamwambia steringi hafi.

"Simsemi steringi. Namsema yule mtu."

Nimekaa na maneno hayo siku mbili, nimeona niyalete jukwaani.

Yule mtu ni Buster Keaton, mchekeshaji wa filamu bubu wa Marekani. Ukuta ule haukuwa wa boksi. Husemwa ulikaribia tani mbili. Ardhini palipigiliwa msumari kumwonyesha pa kuweka visigino, na kati ya mwili wake na fremu ya dirisha zilibaki inchi chache tu. Walipiga mara moja, basi. Baadhi ya watu waliokuwa kazini siku hiyo waligeuza nyuso wasione.

Hoja yangu ni kwamba wengi wa machale hawa walijua kuanguka kabla hawajajua kuigiza, na ndiyo maana miaka mia imepita bado mtoto anaacha maji yake mezani. (Machale ninaowasema ni wingi wa chale, mchekeshaji wa sarakasi. Si yale yanayokucheza ukipita uchochoro wenye giza.)

Twende mwanzo kabisa. Watu wanadhani sinema ilianza na hadithi. Novemba 1, 1895, ndugu wawili wa Kijerumani, Max na Emil Skladanowsky, walionyesha picha zao ukumbi wa Wintergarten, Berlin. Ndani yake kulikuwa na familia ya wanasarakasi, mtu anayerusha na kudaka vitu, wapigana mieleka, na kangaruu anayezichapa ngumi na binadamu. Wiki nane baadaye, Desemba 28, ndugu wa Kifaransa, akina Lumière, wakafungua Paris na filamu kumi fupi. Mojawapo ni ya mtunza bustani anayelowa uso kwa mpira wake mwenyewe wa maji. Nyingine, mtu anajaribu kupanda farasi na kushindwa kwa mbwembwe zote. Nyingine tena, wanaume wameshika blanketi na mwenzao anajitupa juu yake, anakosakosa. Filamu haikuwa na sauti, haikuwa na rangi, haikuzidi dakika moja. Ungeweka nini humo zaidi ya mwili wa mtu?

Sasa sikilizeni hili la Uingereza, ndilo ninalolipenda kuliko yote. Kulikuwa na sheria ya mwaka 1843 iliyowaachia wenye majumba ya tamthilia peke yao haki ya kuigiza tamthilia za maneno. Kumbi za muziki na vichekesho, zile za watu wa kawaida kunywa bia huku wakitazama, zikabanwa. Akatokea Fred Karno. Jina lake la kuzaliwa ni Frederick Westcott, kijana wa sarakasi. Hilo la Karno alilipata siku yeye na wenzake wawili walipoziba pengo la kundi lililoitwa Three Carnos. Karno akaona kama maneno yamezuiwa, basi tuigize bila maneno. Akatunga vichekesho vya watu kupigana, kuteleza, kutumbukia, kulewa, kukimbizwa na polisi, vyote bila mtu kufungua kinywa. Sheria ikawafunga midomo, wao wakajifunza kusema kwa makalio.

Charlie Chaplin aliingia kwa Karno mwaka 1908. Stan Laurel naye alikuwa humo, akimsubiria Chaplin augue ili apande yeye jukwaani. Walipovuka bahari kwenda Marekani mwaka 1910, walibeba masanduku mawili matatu na ufundi wote huo mwilini. Mwisho wa 1913 Chaplin akaajiriwa na Keystone, kampuni ya filamu za vichekesho. Filamu bubu ilikuwa inamsubiri mtu aliyekwisha kuzoea kutosema.

Nafunga duka, nakuja na sehemu ya pili jioni.

KijitiChaKati

Siti ya mbele kabisa. Mkuu, usije ukawa kama wale wa "itaendelea" ambao wanaendelea ahera.

BintiMakadara

Umenikumbusha nyanyangu hapa Mombasa. Mtu akifanya mzaha kwenye matanga alikuwa akisema, "Mwondoeni huyo chale." Nimekua nikijua ni neno la kale la pwani, mpaka mzee mmoja jirani akaniambia ni Charlie huyo huyo wa fimbo na viatu vikubwa.

MkandaWaKale

Dada Binti, hilo nami nililisikia kwa wazee hivyo hivyo. Na neno lenyewe lipo kwenye kamusi. Kama sarakasi: nayo ni "circus" imekaa pwani mpaka ikasahau ilikotoka. Sisi tukaipa kazi mbili, hema zima ni sarakasi na kile kichwangomba anachopiga mtoto uwanjani ni sarakasi vilevile.

NondoZaChuma

Samahani mleta uzi, napenda simulizi zako lakini hapa umepika chai yenye tangawizi nyingi. Zama zile kamera ilikuwa ya kuzungusha kwa mkono. Unazungusha taratibu, ukionyesha kwa kasi ya kawaida watu wanakimbia kama kuku waliomwagiwa maji ya moto. Hapo sarakasi iko wapi? Mtu yeyote angeonekana fundi. Ukuta wa tani mbili nani aliupima?

MkandaWaKale

Mkuu Nondo, nilikuwa nakusubiri. Umesema kweli nusu.

Kasi ni kweli. Kawaida walizungusha kama fremu 16 kwa sekunde, na kwenye vichekesho mpiga kamera alishuka hadi 12 hivi kusudi watu wachangamke. Na siku hizi nyingi tunazionyesha kwa 24, ndiyo maana hata mazishi yanaonekana kama mbio za vijiti. Wa Keystone walikuwa mabingwa wa mchezo huo. Lakini hata pale, mkuu wa wale polisi wao vichaa alikuwa Ford Sterling, mtu aliyefanya kazi ya uchale kwenye sarakasi akiitwa Keno the Boy Clown. Kasi ya kamera inakuongezea mwendo. Haiwezi kukufundisha pa kuweka mguu.

Na udanganyifu wa kamera wenyewe nauheshimu. Mwaka 1907 Segundo de Chomón, Mhispania aliyekuwa akiifanyia kazi Pathé, kampuni ya filamu ya Paris, alitengeneza filamu ya wanasarakasi wa Kijapani walioitwa Kiriki. Mtoto mdogo anabeba ubao wenye watu wazima watatu wanne juu yake, watu wanapaa, wanajipanga kama matofali. Ukiangalia unapiga makofi. Kumbe si Wajapani, na wala hawajasimama! Wamelala chali sakafuni kwenye kitambaa cheusi, kamera iko darini inawatazama chini, wao wanajiviringisha tu pole pole. Kichekesho safi kabisa, na hakuna aliyeumia hata ukucha.

Sasa kipimo changu ni hiki. Ukitaka kujua nani anakudanganya, tazama kamera iko wapi na mkasi umepita wapi, yaani picha imekatwa na kuungwa wapi. Ukuta wa Keaton umepigwa kwa mbali, unamwona mzima kutoka kofia hadi kiatu, unauona ukuta mzima, na hakuna mkasi kati ya kuanza kuanguka na kutua. Keaton alikuwa mkali kwa hilo.

Na wazo lenyewe halikumjia usiku mmoja. Mwaka 1919, kwenye Back Stage, akiwa bado chini ya mchekeshaji Roscoe Arbuckle, pazia la mandhari la jukwaani lilimwangukia Arbuckle na dirisha lake likampita. Hilo ni jepesi, kitambaa na mbao. Mwaka uliofuata kwenye One Week, ukuta wa nyumba ukamwangukia Keaton mwenyewe. Miaka minane baadaye ndiyo tunafika kwenye tani. Mtu anaongeza uzito kama mnyanyua vyuma, kidogo kidogo.

NondoZaChuma

Sawa, hapo kidogo umenituliza. Lakini Harold Lloyd, yule mchekeshaji mwingine wa enzi hizo anayening'inia kwenye saa ya jengo refu? Usiniambie alikuwa ananing'inia ghorofa ya kumi na mbili.

MkandaWaKale

Hapana, na huyo hakutoka sarakasi. Safety Last! ya 1923 walijenga kipande cha ukuta juu ya paa la jengo halisi, Los Angeles, kamera ikakaa pembeni ili mtaa uonekane kule chini. Chini yake kulikuwa na jukwaa lenye magodoro. Lloyd mwenyewe alisimulia kwamba walidondosha mwanasesere kujaribu, akadunda godoroni akaenda zake mtaani. Kwa hiyo godoro lilikuwepo, ila lilikuwa la kumpa mtu moyo zaidi. Pale anapoonekana kwa mbali kabisa kama sisimizi ukutani, ni Bill Strother, mpanda majengo ambaye Lloyd alimwona akipanda ghorofa na ndiye aliyemtia wazo la filamu. Strother huyo huyo anaigiza rafiki yake humo ndani.

Lakini kuna jambo moja kuhusu Lloyd linanifanya nivue kofia. Agosti 1919 alishika bomu la maigizo apigwe picha, likawa si la maigizo. Likamkata kidole gumba na cha shahada cha mkono wa kulia. Pale kwenye saa ananing'inia na glavu yenye vidole bandia. Rudia kuitazama ukijua hilo.

MzeeKidevuKifuani

Habari za jioni wanajukwaa. Huwa nasoma tu, leo imebidi nifungue akaunti.

Nilipiga sarakasi miaka sita nikiwa kijana, Dar. Kikundi chetu kilizunguka mashuleni na hoteli za ufukweni, piramidi za watu, kupita kwenye pete ya moto, hayo yote. Naomba niwaeleze kuanguka, kwa sababu naona mnaongea kama watu waliokaa kwenye viti.

Kuanguka kunauma pale pigo linapokusanyika sehemu moja. Ukitua na kiwiko, kiwiko ndicho kinacholipa deni lote. Kazi ya fundi ni kugawa deni. Unatua na nyama: paja, tako, bega la nyuma, mgongo wa juu, kimoja kinampokeza mwenzake, unaviringika. Kiganja na mkono mzima vinapiga sakafu kwa pamoja, sauti kubwa, watazamaji wanashtuka, na sauti hiyo ndiyo pigo linalotoka nje badala ya kuingia kwako. Kidevu kifuani daima, kisogo kisiguse. Pumzi unaitoa, huibani. Na kubwa kuliko yote: usikakamae. Mlevi anaanguka toka kwenye daladala anaamka anadai chenji yake. Mtu mzima mwenye akili timamu anateleza bafuni anavunjika nyonga. Mlevi hakukakamaa.

Mwalimu wetu alitufundisha kuanguka mwezi mzima kabla hajaturuhusu kuruka. Tulimchukia sana.

Huyo Keaton wenu nimemwona kwenye simu ya mjukuu. Yule mwili wake hauna mfupa unaobisha. Huo haufundishwi ukubwani. Nataka kujua nani alimfundisha.

MkandaWaKale

Mzee wangu shikamoo, na karibu sana. Uzi umepata mwenyewe.

Alifundishwa na baba yake, na hapa hadithi inakuwa chungu kidogo. Joe na Myra Keaton walikuwa wasanii wa kuzunguka, wa maonyesho ya vaudeville, yale ya usiku mmoja yenye muziki, mbwa, mazingaombwe na vichekesho. Buster alizaliwa Oktoba 4, 1895, Piqua, kijiji cha Kansas, katikati ya safari. Akiwa bado mdogo sana walimpandisha jukwaani, wakawa The Three Keatons. Mchezo wenyewe: mtoto mtundu, baba amechoka naye, baba anamrusha. Kwenye pazia. Kwenye shimo la wapiga muziki. Safari nyingine kwa watazamaji wenyewe. Mama alimshonea mshikio wa sanduku mgongoni mwa koti ili baba apate pa kukamata.

Na ule uso usiocheka ulizaliwa pale. Mtoto aligundua kwamba akirushwa halafu akacheka, watu hawacheki. Akiinuka na uso mkavu kama aliyetoka kununua mkate, ukumbi unavunjika mbavu.

Ulivyoeleza, Mzee, ndivyo alivyokuwa akieleza yeye: legeza mwili, na mguu au mkono upokee kwanza.

ShangaziWaPwani

Mimi nacheka nanyi tangu juu lakini hapo nimeacha. Mtoto anashonewa mshikio kama mzigo wa kupakiwa kwenye basi, nanyi mnaita ufundi? Nina wajukuu. Mtu akimrusha mjukuu wangu kwenye shimo la wapiga ngoma tutaonana kituoni.

MkandaWaKale

Shangazi, hata wakati ule walikuwepo waliosema kama wewe. New York kulikuwa na chama cha kulinda watoto dhidi ya ukatili, na sheria ilizuia watoto wadogo kufanyishwa sarakasi jukwaani. Chama hicho kiliwaandama akina Keaton miaka na miaka. Buster mwenyewe alisimulia alivyovuliwa nguo mbele ya wakubwa wa jiji wakitafuta michubuko. Ukubwani alishikilia kwamba hakuumizwa, na kwamba alipenda kazi ile. Lakini pia alisema baba yake alipozidisha pombe mchezo uligeuka wa hatari, kwa sababu ule mchezo unadai mkono usiotetemeka. Mwaka 1917 yeye na mama yake wakamwacha mzee. Mwaka huo huo akakutana na Arbuckle New York, akaonekana kwenye The Butcher Boy, filamu yake ya kwanza.

Kwa hiyo sikatai usemalo. Ninachoweza kusema ni kwamba deni lilikuja kulipwa na mwili. Akitengeneza Sherlock Jr. ya 1924, ananing'inia kwenye bomba la tangi la maji ya treni, maji yakamshukia kwa nguvu yakambamiza shingo kwenye reli. Akaumwa kichwa siku kadhaa, akaendelea na kazi. Miaka mingi baadaye daktari akitazama picha ya eksirei akamuuliza: shingo yako ulivunja lini?

ShangaziWaPwani

Haya. Nimesikia. Bado kituoni tutaonana.

MzeeKidevuKifuani

Shangazi hajakosea. Sisi tulikuwa kumi na mmoja. Wawili leo hawawezi kuinama kuvaa viatu.

KijitiChaKati

Mkuu Mkanda, je, aliwahi kukosea mbele ya kamera? Maana hawa watu huwa wanaficha.

MkandaWaKale

Alikosea na akakuonyesha. Three Ages ya 1923. Anaruka kutoka paa la jengo moja kwenda jingine. Mpango ulikuwa afike. Hakufika, vidole viligusa ukingo vikateleza, akaangukia wavu uliokuwa chini. Akalala siku tatu kitandani. Walipoiangalia ile picha wakaona kuanguka kwenyewe ni kutamu kuliko kufika. Badala ya kurudia, wakajenga mwendelezo: anaanguka anapasua vitambaa vya kuzuia jua madirishani, kimoja baada ya kingine, anadaka bomba la maji ya mvua, bomba linang'oka linamrusha ndani ya dirisha la kituo cha zimamoto, anateleza anateremka na ile nguzo yao. Ukiitazama unaapa ilipangwa tangu mwanzo.

Na mara moja ninayoijua alikubali mtu mwingine aruke badala yake: College ya 1927, pale anapoingia dirishani kwa upondo. Aliyeruka ni Lee Barnes, bingwa wa Olimpiki wa 1924. Keaton alijua mpaka wa mwili wake. Nondo, hiyo nakupa bure.

NondoZaChuma

Nimepokea. Nimeanza kuitafuta hiyo ya paa.

MwanaWaTazara

Wakuu, mbona mmekaa Marekani tu? Sarakasi ni ya Ulaya. Na mtu mweusi yuko wapi kwenye hadithi hii?

MkandaWaKale

Swali lako ni mawili, naanza na la pili.

Paris ya miaka ya 1890 chale maarufu kupita kiasi alikuwa mtu mweusi. Aliitwa Rafael. Alizaliwa utumwani Cuba, akapelekwa Hispania akiwa mtoto, akafanya kibarua cha kila aina, mwisho akaibukia Nouveau Cirque, ukumbi wa sarakasi mjini Paris. Jukwaani walimwita Chocolat. Mwenzake alikuwa Mwingereza, George Foottit, amejipaka weupe usoni. Foottit ndiye mjuaji, Chocolat ndiye anayepigwa makofi na mateke. Akina Lumière waliwapiga filamu karibu na 1900, na bado zipo. Ukizitazama, tazama miguu ya Rafael. Mchezo wa kuangushwa kwenye kiti, yule anayeonekana mjinga ndiye anayebeba hesabu yote. Akichelewa nukta moja, kofi linakuwa kofi kweli.

Kifaransa kikabaki na usemi, "kuwa chokoleti", yaani kuingizwa mjini. Husemwa umetoka kwake. Alifariki mwaka 1917 Bordeaux, hana kitu.

MwanaWaTazara

Yaani utani wote ni mweusi kupigwa na mzungu na watu wanacheka. Asante kwa kutoficha. Sijui kama nataka kuzitazama.

BintiMakadara

Mimi nimezitazama sasa hivi. Naelewa usemavyo kaka, iko pale na haipendezi. Lakini macho yangu yalimfuata yeye, huyo mwingine sikumwona. Ajabu.

MkandaWaKale

La kwanza sasa, Ulaya. Hapa naweza kukesha, nitajizuia.

Kabla Chaplin hajajulikana hata na jirani yake, kulikuwa na André Deed, Mfaransa aliyetoka kwenye kuimba na sarakasi za majukwaani, akapita kwa mtengenezaji filamu Georges Méliès, mwaka 1906 akawa nyota wa Pathé kwa jina Boireau. Waitaliano wa Itala Film, Turin, wakamnunua, wakambatiza Cretinetti. Kila nchi ikampa jina lake: Warusi Glupyshkin, Waingereza Foolshead. Kazi yake ilikuwa kuharibu. Akiingia nyumbani na ngazi begani, vyombo visome dua. Kuna moja ya 1909 anapendeza mno mpaka wanawake wanamgombania, wanamkimbiza, wanamrarua vipande vipande. Wakiondoka, mguu unamtafuta mkono, kichwa kinarudi mahali pake. Hapo mwili na kamera vimeoana bila ugomvi.

Turin na Roma wakaanza kuwinda machale kwenye mahema. Ferdinand Guillaume, wa ukoo wa sarakasi, akawa Tontolini, kisha akahama kampuni akawa Polidor. Marcel Fabre, Mhispania, naye chale wa sarakasi, akawa Robinet. Huyu mwaka 1914 alitoa Amor pedestre, hadithi nzima ya mapenzi, wivu na kupigania mwanamke inayoonyesha miguu tu kuanzia magotini kushuka. Nyuso huzioni kabisa. Na unaelewa kila kitu! Ni dakika chache, tafuteni.

Polidor alizeeka, dunia ikamsahau, halafu mwongozaji wa Kiitaliano Federico Fellini akamtoa kabatini. Kwenye La dolce vita ya 1960, yule chale mzee mwenye tarumbeta anayeondoka na maputo yanamfuata nyuma, ndiye yeye. Miaka hamsini baada ya Tontolini.

ShangaziWaPwani

Na wanawake? Au sisi tulikuwa wa kurarua watu tu.

MkandaWaKale

Shangazi hulali! Walikuwepo. Lea Giunchi, naye wa sarakasi, shemeji yake Guillaume, alikuwa na mfululizo wake kampuni ya Cines, Roma, yeye mwenyewe ndiye anayebomoa nyumba. Mabel Normand wa Keystone alikuwa akijirusha majini na kuendesha magari mwenyewe, tena akaongoza filamu akiwa na umri ambao wengine bado wanaomba nauli nyumbani. Wanastahili uzi wao.

KijitiChaKati

Chaplin mwenyewe alipiga sarakasi kweli au tuendelee kumpa sifa za bure?

MkandaWaKale

Chaplin alikuwa mwepesi kuliko kuwa jasiri, kwa maoni yangu. Tazama The Rink ya 1916, viatu vya magurudumu. Anateleza kama mafuta kwenye kikaango. Lakini kwenye The Circus, ambayo ilitoka 1928 mwaka mmoja na ule ukuta, alijifunza kutembea juu ya kamba kwa ajili ya filamu. Kule juu nyani wanamvamia, wanamng'ata pua, wanamvua suruali. Kwenye kizimba cha simba alirudia zaidi ya mara 200. Katikati ya kazi studio ikashika moto, Septemba 1926. Na hadithi yake ni ile ile tunayoizungumza humu: mtu anaajiriwa kwenye sarakasi kwa sababu anachekesha asipojua anachekesha. Akiambiwa chekesha, hawezi.

Nikilazimishwa kuchagua namchagua Keaton. Chaplin anakutazama machoni ili umpende. Keaton hana habari na wewe, ana kazi.

NondoZaChuma

Hapo sasa umeanzisha vita. Chaplin hagusiki. Nakuja kesho na aya zangu.

MzeeKidevuKifuani

Mleta uzi, mtafute na Lupino Lane, mjukuu ndiye kanionyesha. Mwingereza. Anachanua miguu mpaka sakafuni, kushoto na kulia, halafu anainuka wima bila kugusa chini kwa mikono. Nimerudisha nyuma mara sita kutafuta uzi uliomvuta. Hakuna uzi.

MkandaWaKale

Mzee, ukoo wa Lupino ni wa majukwaani vizazi na vizazi. Yule alianza kunyooshwa misuli kabla ya kuota meno.

KijitiChaKati

Na dogo alisemaje baada ya kumjibu swali lake?

MkandaWaKale

Nilimwambia hapana, yule mtu hakufa siku ile, aliishi mpaka Februari 1966, alikufa kitandani kwake kwa saratani akiwa na miaka 70. Akatikisa kichwa kama mkaguzi, akaondoka.

Leo nimetoka kazini nimekuta boksi la friji limesimamishwa uani, limekatwa dirisha kwa kisu cha mama yake. Sakafuni kuna alama mbili za chaki za kuweka visigino. Mdogo wake wa miaka sita ndiye aliyepewa kazi ya kusukuma.

MzeeKidevuKifuani

Mwambie kidevu kifuani.

NondoZaChuma

Dirisha lilimtosha?

MkandaWaKale

Halikumtosha mabega. Sasa hivi wanapima upya kwa rula.